Mwende

Sauti iliyoniambia kwamba Kato amekufa ilikuwa sauti ya Kato mwenyewe. Nilikuwa jikoni hapa kwangu Al Thumama, Doha, nikikaanga vitunguu vya ndengu, ndege zikishuka juu ya paa kama kawaida, simu ikalia mlio wa ujumbe kutoka namba ya Uganda nisiyoijua. Nikabonyeza kwa kidole chenye mafuta. "Ssebo Wekesa," ikasema, kwa ile "bwana" ya heshima ya Kiganda, "nakuomba ukae chini kwanza. Kato ametutoka. Tulimzika jana." Sikukaa. Nilizima jiko nikasimama pale pale na mwiko mkononi, nywele zimenisimama, maana sauti ile sikuwa nimeisikia tangu ujana wangu, tangu Ijumaa moja mchana kule mtaa wa Fereej Bin Mahmoud ilipovunjwa kooni mwa mwenyewe mimi nikiona. Niliirudia mpaka vitunguu vikapoa sufuriani. Ndipo nikajiita mjinga. Waganda wakijaliwa mapacha wa kiume, wa kwanza huitwa Wasswa na wa pili Kato. Kwa hiyo miaka yote hiyo alikuwapo Wasswa mahali fulani, na koo lake lilikuwa zima. Mwisho wa ujumbe aliniuliza jambo moja tu. Ndugu yake aliporudi nyumbani hana sauti, aliwaonyesha kwa mikono kwamba alianguka kitandani huku Doha, na hakuongeza kitu mpaka kufa kwake. "Wewe ulikuwepo," akasema Wasswa. "Ni kweli alianguka?"

Kabla ya kumjibu nilimpigia Mutua. Mutua bado yuko hapa mjini, anaendesha teksi, na yeye ndiye aliyemvunja Kato koo. Nilimchezea ile sauti. Aliniomba niicheze tena, halafu akasema, "Mwambie yote. Na usinipambe." Sitampamba. Mimi pia sijipambi. Mwaka ule ulikuwa mwaka wa ngumi, na ngumi zangu zilikuwamo. Chumba chetu kilikuwa juu ya duka la kinyozi, vitanda vya chuma vya kupandana, kila mtu amejizungushia shuka kitandani kwake apate pa kuvalia na pa kulilia. Kilinuka rangi ya viatu, sare zilizopigwa pasi zikiwa na jasho, na dagaa wa Mzee Rashidi, mtu wa Kwale aliyetuzidi wote umri na aliyejiteua mpishi. Tulipigania bafu. Tulipigania kamba ya kuanikia nguo, tulipigania pasi. Jino langu hili la mbele halipo kwa sababu nilimwambia Mzee Rashidi kwamba wali wake una mawe. Aligeuka na mwiko akanichapa nao mdomoni, kisha akanipakulia sahani yangu bila haraka. "Haya," akasema, "sasa tafunia upande mwengine." Na mimi nilikula, damu na mchuzi, kwa sababu nilikuwa na njaa na zamu ilikuwa inakaribia.

Kazini ilikuwa hivyo hivyo. Nilisimama mlangoni pa ukumbi wa muziki katika hoteli moja upande wa majumba marefu. Wageni walipita wananukia, ngoma ikanidunda mgongoni kupitia ukutani, na wakati wa kufunga nikawatoa waliozidiwa. Niliwahi kutemewa mate. Niliwahi kupasuliwa nyusi kwa glasi. Niliwahi pia kumburuta mtu ngazi nzima kwa kola ya shati, kichwa chake kikigonga kila kidato, na nikaona raha. Nasema ukweli, niliona raha. Lakini ndani ya ukumbi ule watu wakicheza sikuwahi kutia mguu. Wote pale chumbani, tuliolinda hoteli na tuliolinda maduka, tuliujua usiku wa mji huu kwa upande wa mlangoni tu, na nafikiri ndiyo maana zile picha za Wajerumani, nitakazozifikia, zilitushika namna ile.

Mutua alilala kitanda cha chini na Kato akalala kile cha juu yake. Mutua alilinda yadi ya mabomba mbali na mji, peke yake na joto, na nadhani ukimya wa kule alikuja nao chumbani. Mtu mkubwa, mpole, anakupisha mlangoni. Alizungumza na simu tu, ndani ya shuka lake, kwa Kikamba, sauti ikianzia chini na kupanda kidogo kidogo. Sasa nikwambie kitu ambacho sisi hatukukijua wakati ule, usije ukatushangaa. Mutua alikuwa na mke, na mke huyo aliitwa Mwende. Kwao ni jina zuri, maana yake mpendwa. Mwaka ule Mwende alifunga nyumba akaenda zake na dereva wa lori la mchanga, na Mutua aliletewa habari na jirani, kipande kipande, kwa simu. Hakumwambia mtu. Alimpigia mkewe kila alipopata nafasi, na akipokewa alikuwa na neno moja tu la kusema, "Mwende, Mwende," mpaka upande wa pili ukate. Na juu yake, penye godoro jembamba na vyuma vinavyolia, alilala Mganda asiyejua Kikamba hata kidogo, anayejifunza Kiswahili chetu kwa kusikiliza.

Kato kwao alikuwa vijei. Asiyejua vijei ni nani, ni mtu anayekaa kwenye banda la video na maikrofoni, anapunguza sauti ya picha, kisha anawasimulia watazamaji kila kitu kwa lugha yao huku picha inakwenda. Hatafsiri tu. Anawapa wachezaji majina ya mtaani, anamtukana adui, anamwombea stelingi, yaani shujaa wa picha, anaingiza habari za jirani na bei ya nyama. Kato alisema kwao filamu isiyo na vijei ni watu wanaofungua midomo bure. Kazi hiyo aliiacha akaja kulinda geti la shule hapa, lakini haikumwacha. Akiona watu wawili wanagombana barabarani alianza kuwasemea, huyu hivi na yule hivi, mpaka tukashika mbavu. Mikono yake haikutulia hata akila.

Katikati ya mwaka nilitolewa hotelini kwa ajili ya yule niliyemburuta, nikapelekwa kulinda jumba moja la maonyesho, zamu ya mchana. Huko mama mmoja Mjerumani, mwembamba, mcheshi, alikuwa akiandaa wiki ya filamu za zamani za kwao, za enzi picha haijajua kusema. Zote zilikuwa za mji usiku. Barabara zimelowa mvua na taa zinang'aa majini, nyumba zimeinama kama zinamsikiliza anayepita, kumbi za dansi, wanawake waliokata nywele fupi, wanaume wenye kioo kwenye jicho moja, kamari, visu. Usiku wote ule, akaniambia, ulijengwa ndani ya jengo moja kubwa, mvua na barabara na kila kitu. Aliniona nachungulia kila siku akaniuliza kama nimezipenda. Nikamwambia nimezipenda, ila hazina wa kuzisema. "Huo ndio uzuri wake," akasema. Nikamwambia kwetu hapana, kwetu picha lazima isemwe. Alicheka mpaka akafuta macho, akaniwekea moja kwenye flashi. "Basi mtafute huyo wa kuisema," akasema.

Kato alipoiona inakwenda bila sauti hata chembe, aliketi kitandani akashika kichwa. "Ssebo," akaniambia, "maisha yangu yote nimepigana na sauti za Wazungu. Hii wameitengeneza kwa ajili yangu." Tukapanga iwe Ijumaa mchana, Mzee Rashidi akishatoka msikitini na wa zamu ya usiku wakishaamka. Dirisha tuliliziba kwa kartoni na blanketi hadi jua la Doha likabaki uzi mmoja pembeni. Projekta ilikuwa ya Kato, alikuja nayo kutoka kwao ikiwa imefungwa ndani ya suruali. Skrini ilikuwa shuka la Mutua. Lilikuwa jeupe kupita yote, ukingo wake umefumwa kwa sindano, maua madogo madogo, na alilitoa mwenyewe bila kuombwa. Hakutuambia nani alilifuma. Mzee Rashidi akaweka sinia ya pilau katikati, tukala kwa kupapasa, mikono ikigongana gizani.

Ilikuwa hadithi ya mshonaji wa glavu, kijibwana chenye shingo nyembamba, na mkewe aliyemsaidia dukani. Anaingia tajiri mwenye kioo cha jicho, anataka glavu za mwanamke, anamwomba mke azivae apime. Mkono ule hauachii tena. Jioni mke anavaa koti, anashika kiwiko cha tajiri, mlangoni anageuka mara moja kumtazama mumewe, kisha mji unawameza. Mume anawafuata ukumbi hadi ukumbi, usiku kucha. "Huyu ndiye stelingi," Kato alitangaza, akiwa amesimama kando ya shuka na kijiko cha mbao badala ya maikrofoni. "Ni mutu mupole. Mupole mubaya." Kila ukumbi ulikuwa na bawabu, koti lina vifungo mpaka gotini, na kila bawabu alimtupa yule bwana ngazini. Chumba kizima kilimshangilia bawabu. "Baunsa wetu huyo," nikamwelekeza, "mshike kola, ukimshika mkono atakuponyoka." Mzee Rashidi akasema bawabu yule hana adabu, mgeni hutolewa kwanza kwa maneno. Nikamwambia yeye analinda maktaba, anajua nini habari za kutoa watu. Akanitupia mfupa. Mutua peke yake alikuwa upande wa mshona glavu. "Stelingi gani anapigwa hivi?" akauliza kutoka gizani, na ndiyo mara ya kwanza nilimsikia akiuliza kitu chochote. Kato akamjibu kwa lugha tuliyomfundisha sisi Wakenya. "Tulia, bro. Stelingi hakufangi." Yaani hafi, hata apigwe vipi.

Katika wiki iliyofuata Kato alinikuta kwenye foleni ya bafu na taulo begani, akaniuliza "mwende" maana yake nini. Nikamweleza vizuri, kwa moyo wangu wote. Ukimwambia mmoja, wewe uende. Wakiwa wawili au zaidi, ninyi mwende. Watu wanatoka, unawaambia basi, mwende. Akalirudia lile neno polepole, analipima mdomoni. "Mutua analisema kila siku," akaniambia. "Analisema vizuri sana, linatoka kifuani." Mimi nikadhani Mutua anafukuza watu kwenye simu, labda ndugu waliomzidi kwa maombi. Zamu yangu ikafika, nikaingia kuoga.

Ijumaa ya pili tuliiweka picha ile ile, na mke wa mshona glavu aliposhika kiwiko cha tajiri, Kato alinyanyua kijiko akaita, "Mwende! Mwende, mji ni wenu!" Chumba kiliruka. Lilikuwa neno linalokaa pale hasa, wawili wanatoka, mlango unafunguka, taa zinawaka. Kila walipoingia ukumbi mwingine tulimsaidia, sote, kwa sauti moja, na kinyozi wa chini akagonga dari kwa mpini wa ufagio. Mutua aliinuka katikati ya picha akapanda juu ya paa. Jioni nilimkuta juu huko anatazama matangi ya maji. Aliniuliza, "Nani amemwambia?" Nikamuuliza amemwambia nani, nini. Akanitazama usoni kwa muda, nadhani alikuwa akitafuta kicheko. "Basi," akasema. Nikashuka, nikamsahau, maana siku ile nilikuwa na ugomvi wangu mwingine wa kamba ya nguo.

Ijumaa ya tatu walikuja hata wa vyumba vya jirani, wamebanana sakafuni. Mutua hakuketi. Alisimama nyuma, penye meza ya pasi, akinyoosha shati la zamu. Kwenye shuka, mke yule alikuwa akicheza na tajiri, karibu sana, uso mweupe, midomo myeusi, anacheka bila mlio. Kato akatandaza mikono kama mwalimu wa kwaya. "Mwende!" Chumba kikajibu, "Mwende!" "Usiku wote?" "Mwende!" "Na bwana wake anajua?" Hilo la mwisho liliwachekesha watu sana, na kicheko kilikuwa bado hakijaisha pasi ilipopita juu ya vichwa vyetu, waya ukiifuata. Ilimpata Kato kooni kwa ukingo. Nilisikia mlio mdogo, mkavu, wa kijiti cha kuwashia moto kinapokatwa. Kijiko kikamtoka.

Mutua alitupita juu, akakanyaga sinia, akakanyaga mkono wa mtu, akamwangukia Kato na kumshika shingo palepale palipoumia. "Nani alikwambia jina la mke wangu?" akasema. Hakupiga kelele. Alilirudia swali hilo sawasawa, anamgongesha kichwa sakafuni kila akifika mwisho wake, na Kato hakuwa na kitu cha kujibia. Picha iliendelea. Wachezaji walikuwa wakizunguka juu ya mgongo wa Mutua, miguu yao midogo inapita kwenye shati lake. Nilimpiga ngumi ya sikio, ngumi niliyoizoea, ya kumlaza mtu. Hakugeuka. Nikamkaba kwa nyuma, akarusha kiwiko kikanivunja pua, nikahisi damu inaingia mdomoni na nikamng'ata bega. Ndiyo, nilimng'ata. Watu wengine walikuwa wakipigana wao kwa wao kwa sababu ya giza, hakuna aliyejua anampiga nani. Shuka liliporomoka likatufunika watatu, likajaa damu yangu na ya Kato, na juu yake mji wa Wajerumani ukawa bado unawaka taa. Mzee Rashidi ndiye aliyeruka kitandani akang'oa blanketi na kartoni dirishani. Jua liliingia lote kwa pamoja. Picha ikafutika, tukabaki wanaume tuliovimba, pilau sakafuni, na Kato midomo imekuwa ya buluu, akivuta pumzi kwa filimbi.

Mutua aliiacha shingo. Alitazama mikono yake, halafu akatutazama sisi, na sisi tukaona kwamba analia na amekuwa akilia muda wote ule. Mzee Rashidi alisimama juu ya kitanda bado ameshika blanketi. "Mkeo ni nani, mwanangu?" akamuuliza. "Mwende," akasema Mutua. Hakuna aliyecheka. Niliwaona wenzangu wakilipokea lile neno upya, mmoja mmoja, na mimi nikiwamo.

Hospitali walimtoboa Kato chini ya koo apate kupumua. Muuguzi mmoja alikuwa dada wa Meru, na yeye ndiye aliyenivuta pembeni. Jeraha la namna ile, akaniambia, halifichiki, polisi watakuja kuuliza, na mgonjwa akitaja mtu, mtu huyo ni gereza, kisha ni ndege ya kwao. Sote tulilijua hilo. Mutua alikuwa ameketi kwenye korido na sare yake ya kazi, amejiosha, viatu vinang'aa, anangoja kuchukuliwa. "Akinitaja ni haki yake," akaniambia. Nilimwambia afunge mdomo mpaka aulizwe. Sikuwa na huruma naye wakati ule, pua yangu ilikuwa ya ukubwa wa kiazi. Lakini nilikuwa nimeshiriki kupiga kelele zile, na nilitaka Kato ajue alichokuwa akikisema kabla hajasema kingine. Nikaketi kando ya kitanda chake. Nikamwambia kwamba mke wa Mutua ametoroka na mwanamume, na kwamba anaitwa Mwende. Kato alinitazama bila kupepesa. Akanyoosha mkono nimpe simu, akaandika kwa kidole kimoja, akanigeuzia kioo. Alikuwa ameandika, "Mwende ni mtu?" Nikamwambia ni mtu. Akajifunika shuka la hospitali usoni, na kifua chake kikatikisika muda mrefu, filimbi ikilia pale shingoni.

Askari aliyekuja alikuwa kijana mwenye adabu na usingizi. Aliuliza kwa Kiarabu, dada wa Meru akamtafsiria Kato kwa Kiingereza, mimi nikamrudia kwa Kiswahili. Nani amekufanya hivi? Mlango wa wodi ulikuwa na kioo, na nyuma ya kioo nilimwona Mutua amesimama, hasikii hata sauti moja ya ndani. Kato aliketi wima. Alinyanyua kidole kwamba tumngoje. Kisha, nakuapia, macho yake yakawa makubwa kama yale ya kwenye shuka. Alichora hewani kitanda, na juu yake kitanda cha pili. Vidole viwili vikapanda ngazi. Akapiga mwayo, akalaza shavu kiganjani, akageuka upande huu, akageuka upande ule, akaota ndoto nzuri, ilionekana kabisa kwamba ni nzuri. Kisha akaanguka. Alikamata hewa kwa mikono miwili, akaikosa, akaonyesha chuma cha kitanda cha chini, akaonyesha koo, akajilaza. Mwisho kabisa aliweka mkono moyoni akamtazama askari, vile vile mshona glavu alivyotutazama kila alipotupwa ngazini. Askari alikunja uso. Akaomba aone tena pale pa kuanguka. Kato akaanguka tena, vizuri zaidi ya mara ya kwanza. Dada wa Meru aligeukia dirisha, mabega yanamcheza. Askari akaandika anachoandika, halafu akaniangalia mimi na pua yangu. "Na wewe?" akauliza. Nikasema, "Mlango."

Kwa hiyo, Wasswa, hakuanguka. Lakini alianguka mara mbili mbele ya askari, kwa ajili ya mtu aliyemvunja, na akaaminiwa. Kama alimsamehe sijui, hakuandika neno hilo na mimi sikumuuliza. Alichoniandikia baadaye, kwenye simu, ni kwamba alifikiri anatumia kitenzi, si jina.

Kampuni yetu ya ulinzi haikuwa na kazi kwa mlinzi asiyeweza kuita. Wakamwandalia safari, na katika majuma yaliyobaki Mutua alimpikia uji, akauchuja kwa kitambaa, akamnywesha kijiko kwa kijiko, asubuhi kabla ya yadi na jioni akirudi. Hawakutazamana sana. Alimfulia nguo. Alifua pia lile shuka, kwa sabuni ya mche, mara nyingi, likabaki na doa la hudhurungi karibu na maua ya ukingoni. Ijumaa ya mwisho kabla ya ndege, Kato mwenyewe alilitundika. Tulidhani anataka kuitazama tu kimya, kama yule mama Mjerumani alivyopenda. Akaziba dirisha, akawasha projekta, akamshika Mutua mkono wa shati akamvuta hadi kando ya skrini, na kumpa kijiko. Mutua alikataa kwa kichwa. Kato akagusa bandeji yake ya kooni, kisha akagusa koo la Mutua. Akafanya hivyo mpaka Mutua akaketi.

Vijei mbaya kama yule sijapata kuona. "Huyu ni mshona glavu," akasema, akanyamaza. "Hii ni glavu." Kato aliketi karibu naye, akimchorea kwa mikono maneno ya kusema, akimpiga goti kila anapochelewa. Hakuna aliyemcheka wala aliyemsaidia, na Mzee Rashidi aliacha kutafuna. Sote tulijua kinachokuja. Tajiri akaingia, glavu zikapimwa, mkono ukashikwa. Mke akavaa koti. Niliangalia sinia ya wali. Nilipoinua macho alikuwa ameshafika mlangoni, yupo kiwikoni mwa tajiri, doa lile liko juu ya taa ya barabarani, naye anageuka mara moja kumtazama mumewe kama alivyogeuka Ijumaa zote. Kato alikuwa ameinua mkono hewani, anangoja.

"Mwende," akasema Mutua, chini chini, na kwa kitambo hatukujua kama anamwita au anamruhusu. Kisha akasogeza kijiko mdomoni. "Nyote wawili," akasema. "Mwende salama." Mlango ukafunguka, wakatoka. Kato akamgonga goti aendelee, kwa sababu mume alikuwa ameshavaa kofia yake na baunsa wa kwanza alikuwa anamngoja.